Fulbright: Seneta Aliyechelewa Kuuliza

Ukizaliwa Tunduma, mambo ya nje huyasomi darasani kwanza. Unayakuta barabarani. Foleni ya malori ikianzia mpakani ikarudi nyuma mpaka Mpemba, ujue kuna kitu kimeamuliwa mahali, Lusaka au Dodoma, na nyie mtaambiwa baadaye. Mama yangu ni mama ntilie. Mei 2020, Zambia ilipofunga mpaka wa Nakonde kwa sababu ya korona, siku ya kwanza kibanda chake kilijaa madereva, siku ya pili wakaanza kula kwa mkopo, na mpaka ulipofunguliwa siku chache baadaye wengi waliwasha magari wakaondoka. Daftari la madeni lipo hadi leo. Halina majina kamili. Limeandikwa dereva wa Scania nyekundu, mzee wa Kitwe, kijana wa ndevu.

Nimeanza na mama kwa sababu ndiye aliyenipeleka kwa huyu marehemu ninayetaka kumsimulia. Nilipokuwa likizo aliniuliza, kwa kuwa mimi ndo nasoma siasa huko chuoni, kama hao wanaofunga mpaka huwa kuna mtu anayewauliza kwanza. Nikajibu kisomi, nikataja Bunge na kamati. Akaendelea kukoroga maharage. Nilijua sijajibu.

Niliporudi chuo nikakuta ubaoni tangazo la ufadhili wa Fulbright. Jina hilo tunalijua wote, hasa mwaka wa tatu, boom inapokaribia kuisha na mtu unaanza kufikiria shahada ya pili ya Marekani. Lakini nani anajua Fulbright alikuwa nani? Mimi nilidhani ni kampuni ya balbu. Kumbe ni mtu, na kazi aliyoifanya kwa muda mrefu ilikuwa ileile ambayo mama aliniulizia: kuwa mwenyekiti wa kamati inayotakiwa kuwauliza wakubwa kabla hawajafunga mpaka, hawajasaini mkataba, hawajapeleka jeshi.

James William Fulbright alizaliwa tarehe 9 Aprili 1905, Sumner, jimbo la Missouri, akakulia Fayetteville, Arkansas. Kwao hawakuwa maskini. Walikuwa na biashara kadhaa na gazeti la mji. Baba alifariki 1923, na mama yake, Roberta, akazishika biashara zote na kuandika mwenyewe gazetini, bila kuwaogopa wanasiasa. Kijana alisoma chuo kikuu cha nyumbani, akacheza mpira wa Kimarekani, kisha mwaka 1925 akapata ufadhili wa Rhodes kwenda Oxford. Pesa hizo ziliachwa na Cecil Rhodes, yuleyule ambaye Rhodesia ilipewa jina lake. Shikeni hilo, tutalirudia.

Oxford ilimbadilisha. Alikuwa hajawahi kuiona bahari, akajikuta anazunguka Ulaya. Aliporudi akasomea sheria, akafundisha, na mwaka 1939, akiwa na miaka 34, akawa mkuu wa Chuo Kikuu cha Arkansas. Fikiria mkuu wa chuo wa miaka 34! Hakudumu. Gazeti la mama yake lilikuwa limempinga gavana mpya, Homer Adkins, na mwaka 1941 kijana akaondolewa. Mwaka uliofuata akachaguliwa kuingia Kongresi, na 1944 akagombea useneta. Katika mchujo wa chama alikutana na nani? Gavana Adkins huyohuyo. Akamshinda.

Huo ufadhili wenyewe ulitokana na sheria iliyosainiwa tarehe 1 Agosti 1946. Vita vilikuwa vimekwisha, na Marekani ilikuwa imeacha mali za kijeshi duniani kote, malori yakiwemo. Nchi nyingi zilitaka kuzinunua ila hazikuwa na dola. Fulbright akapendekeza ziuzwe kwa fedha za nchi hizohizo, na fedha hizo zilipie wanafunzi na walimu kwenda na kurudi. Kama mtoto wa Tunduma nimefurahi kujua kwamba malori yamechangia kusomesha watu.

Sasa tuje kwenye kamati. Marekani, mkataba wa nchi na nchi hauwi mkataba mpaka theluthi mbili ya maseneta wanaopiga kura waukubali, na balozi hawezi kwenda kituoni mpaka Seneti imthibitishe. Kazi ya kuchambua hayo yote ni ya Kamati ya Mahusiano ya Nje ya Seneti. Inaita mawaziri, inawahoji, inaandika ripoti. Fulbright alikuwa mwenyekiti wake kuanzia 1959 hadi mwisho wa 1974, na hakuna aliyewahi kukikalia kiti hicho kwa muda mrefu kuliko yeye.

Alikuwa mtu wa kusema hapana. Mwaka 1954, Seneta McCarthy alipokuwa anawatisha watu wote kwa kuwaita wakomunisti, Seneti ilipiga kura ya kumwongezea fedha za uchunguzi: 85 waliunga mkono, mmoja alikataa. Mmoja huyo ni Fulbright. Aprili 1961, Rais Kennedy alimwingiza kwenye kikao cha siri kilichojadili kuvamia Cuba. Mezani walikuwa wamejaa majenerali na mawaziri, yeye akasema jambo hilo halifai. Hawakumsikiliza. Uvamizi ukafanyika na ukashindwa ndani ya siku chache.

Ukiishia hapo utadhani jamaa alikuwa shujaa tangu mwanzo. Mimi ninayemtaka ni Fulbright wa Agosti 1964, aliyefanya kosa.

Ilikuwa hivi. Tarehe 2 Agosti 1964 boti za Vietnam ya Kaskazini zilishambulia meli ya kivita ya Marekani katika Ghuba ya Tonkin. Tarehe 4 ikasemekana zimeshambulia tena. Rais Johnson akapeleka Kongresi azimio la kumruhusu achukue hatua zote atakazoona zinafaa. Johnson alikuwa rafiki wa Fulbright, walikaa Seneti pamoja miaka mingi, na uchaguzi ulikuwa umekaribia. Fulbright akakubali kulisimamia azimio ukumbini. Waziri wa Mambo ya Nje na Waziri wa Ulinzi walihojiwa mbele ya kamati mbili kwa pamoja, na kikao hicho hakikufika hata saa mbili. Seneta mmoja, Gaylord Nelson, alitaka kiongezwe kifungu cha kuonyesha kwamba azimio si ruhusa ya kuingia vita kubwa ya nchi kavu. Fulbright akamtuliza: Rais hana nia hiyo, na kuongeza maneno kutachelewesha. Nelson akakiondoa. Tarehe 7 Agosti azimio likapita kwa kura 88 dhidi ya 2 katika Seneti, na 416 bila hata moja ya kupinga katika Baraza la Wawakilishi.

Shambulio la tarehe 4, baadaye ikaja kubainika, halikutokea. Lakini karatasi ilikuwa imeshasainiwa. Kufikia mwisho wa 1965 askari wa Marekani Vietnam walikuwa zaidi ya laki moja na themanini, na kila aliyeuliza alionyeshwa azimio lililopita mikononi mwa Fulbright.

Nimelifikiria sana jambo hili. Fulbright hakuhongwa wala hakutishwa, na kwa akili aliwazidi wengi mle ndani. Alimwamini rafiki yake, akaona aibu kuuliza mambo mengi mbele ya watu. Si ndo sisi kwenye vikao vya serikali ya wanafunzi? Bajeti inasomwa saa nne usiku, mwenye swali anaonekana mkorofi, kila mtu anataka kwenda hosteli, inapita. Nami nimewahi kunyoosha mkono kupitisha bajeti ambayo sikuisoma. Sisemi ya mwaka gani.

Septemba 1965 alivunja ukimya. Johnson alikuwa amepeleka jeshi Jamhuri ya Dominika, kamati ikahoji mashahidi kwa faragha, na Fulbright akaona maelezo aliyopewa hayafanani na yaliyotokea. Akasimama Seneti akasema hivyo waziwazi. Urafiki na Johnson uliishia hapo.

Halafu kikaja kile ninachotamani kila mwanachuo akitafute akitazame, maana picha zipo: vikao vya Februari 1966. Fulbright aliiweka vita yenyewe kizimbani, mbele ya kamera za televisheni. Waziri Dean Rusk aliitwa, akakaa, akahojiwa. Jenerali James Gavin, askari mwenye medali, alieleza mashaka yake. George Kennan, mwanadiplomasia aliyesaidia kubuni sera yenyewe ya kuuzuia ukomunisti, alisema Vietnam si mahali pake. Mpaka siku hiyo anayepinga vita alionekana kijana mwenye nywele ndefu. Sasa akina mama jikoni waliwaona wazee wa suti, tena wa serikali, wanapinga. Johnson alishtuka kiasi kwamba katikati ya vikao alisafiri hadi Honolulu kukutana na viongozi wa Vietnam ya Kusini, ili kamera zimfuate yeye. Kituo cha CBS, siku ya Kennan, kiliona bora kirudie vichekesho vya zamani kuliko kuonyesha kikao, na mkuu wake wa habari, Fred Friendly, akajiuzulu kwa hilo.

Je, vikao vilisimamisha vita? Hapana. Vita viliendelea miaka tisa mingine. Kamati haina jeshi, na haikuwa na uwezo wa kumrudisha askari hata mmoja. Ilichokuwa nacho ni kiti ambacho waziri lazima akikalie, na kipaza sauti. Watu wakaanza kulinganisha maelezo na hali halisi.

Na kamati ikajifunza. Mwaka 1969 na 1970 kamati ndogo chini ya Seneta Symington ilifuatilia ahadi za siri ambazo serikali ilizitoa nje, Laos na Thailand zikiwemo, ahadi ambazo Kongresi haikuwahi kuziona. Mwaka 1972 ikapita sheria inayoitaka serikali ipeleke Kongresi makubaliano yote ya kimataifa ndani ya siku 60, hata yale ambayo hayaitwi mkataba. Azimio la Tonkin lilifutwa Januari 1971. Aprili mwaka huo kamati ilimkaribisha kijana aliyerudi vitani, John Kerry, aseme alichokiona. Miaka mingi baadaye Kerry alikikalia kiti cha Fulbright, akaja kuwa Waziri wa Mambo ya Nje. Novemba 1973 Kongresi ikapitisha sheria ya kumbana rais asiendeshe vita peke yake, ikaishinda kura ya turufu ya Nixon.

Hapa nilikuwa nimeshampenda huyu mzee. Nilikuwa hata nimeanza kuandika insha ya maombi nikimsifu. Ndipo nikakutana na upande wake wa pili.

Mwaka 1956, wanasiasa wa majimbo ya kusini walitoa tamko la kupinga uamuzi wa mahakama uliotaka watoto weusi na weupe wasome pamoja. Fulbright alisaini. Mwaka 1964, miezi michache kabla ya Tonkin, alikuwa miongoni mwa maseneta wa kusini waliohutubia kwa zamu, wiki baada ya wiki, ili muswada wa haki za raia usifikie kura. Ulipopigiwa kura akaukataa. Mwaka 1965 akaukataa wa haki ya kupiga kura. Watetezi wake wanasema Arkansas isingemchagua bila hivyo, na dunia ingemkosa. Inawezekana. Ila mimi ni mweusi wa Tunduma, ninajaza fomu yenye jina lake, na chuo alichokiongoza mtu wa rangi yangu asingepokelewa. Mwanzoni mwa miaka ya sitini, mabalozi wa nchi zetu changa walikataliwa chakula kwenye migahawa ya barabara kati ya New York na Washington. Nani alikuwa mwenyekiti wa kamati ya mahusiano na nchi hizo? Ndiyo huyo. Aliliona kosa la nchi yake Vietnam, kilomita maelfu, na la kwao Fayetteville hakulikemea. Miaka ya karibuni chuo chake kimebishana sana kuhusu sanamu yake. Ningekuwa mwanafunzi pale ningeenda kubishana pia.

Sasa lile jina la Rhodes. Novemba 1965 walowezi wa Rhodesia walijitangazia uhuru wao, na Zambia ikakosa njia ya kupitishia mafuta. Yakapita kwetu. Babu yangu alikuwa utingo kwenye magari ya mafuta wakati barabara ile ni matope matupu, gari likizama mnalala hapohapo na mapipa yenu. Bomba la TAZAMA kutoka Dar es Salaam hadi Ndola lilikamilika 1968, na mwaka 1973 reli ya TAZARA ikavuka Tunduma kuingia Zambia. Umoja wa Mataifa ulikuwa umeiwekea Rhodesia vikwazo, na madini ya kromu yalikuwemo. Seneta mmoja wa Virginia, Harry Byrd, alitaka Marekani iendelee kuyanunua. Mwaka 1971 muswada wake ulipelekwa kwenye kamati ya Fulbright, ukakwama. Byrd akajaribu mlango mwingine: Kamati ya Majeshi ikauchomeka ndani ya muswada mkubwa wa ununuzi wa silaha. Ukapita. Kuanzia mwisho wa 1971 hadi 1977, nchi iliyopiga kura ya vikwazo ilikuwa inanunua kromu ya Rhodesia kwa sheria yake yenyewe, huku kwetu watu wanalala kwenye matope. Babu hakuwahi kumsikia Byrd.

Fulbright mwenyewe alianguka 1974. Gavana Dale Bumpers alimshinda katika mchujo wa chama kwa tofauti kubwa sana. Watu wa Arkansas walisema amekuwa wa dunia kuliko wa kwao, na nadhani hawakukosea. Mwaka 1993 Rais Bill Clinton alimpa nishani ya juu kabisa ya raia. Clinton, akiwa mwanachuo asiye na hela, aliwahi kufanya kazi ya ukarani kwenye kamati ya mzee huyo. Fulbright alifariki Washington tarehe 9 Februari 1995, akiwa na miaka 89.

Nimerudi kwenye swali la mama nikiwa na Katiba mkononi. Ibara ya 63(3)(e) inalipa Bunge letu kazi ya kujadili na kuridhia mikataba inayohitaji kuridhiwa. Tuna Kamati ya Mambo ya Nje, Ulinzi na Usalama, inayopitia bajeti za wizara husika na kusoma maoni yake bungeni. Mabalozi, tofauti na Marekani, Rais anawateua bila Bunge kuwathibitisha. Juni 2023, Bunge liliporidhia makubaliano na Dubai kuhusu bandari, hosteli yetu ilibishana hadi adhuhuri ya pili, na wengi wetu, wanaounga mkono na wanaopinga, tulikuwa hatujaisoma nakala. Aprili 2025 Serikali ilipozuia mazao ya kilimo kutoka Malawi na Afrika Kusini, kisha ikaondoa zuio baada ya siku chache, nilijaribu kujua ni kamati ipi ingeuliza. Ni mambo ya nje? Ni kilimo? Ni biashara? Kila mlango una kamati yake, na Byrd ametuonyesha mtu anavyoweza kuchagua mlango.

Kwa hiyo nilimpigia mama. Nikamwambia wapo wanaotakiwa kuuliza, na kwamba hata kule Marekani aliyekuwa hodari kuliko wote aliuliza akiwa amechelewa mwaka mzima. Akataka kujua kama baada ya kuuliza wale madereva walilipa. Nikacheka, yeye hakucheka.

Fomu nimeipeleka. Kwenye insha niliandika habari za Agosti 1964, nikaandika na za 1956, nikaeleza daftari la mama. Rafiki yangu wa chumba ananiambia nimejiharibia, kwamba mtu haombi pesa huku anamsema mwenye jina. Majibu bado.